Si Kila Asiye na Miguu ni Nyoka



Leo nina ugomvi na alama tatu. Iulize simu yako nyoka na mjusi asiye na miguu wanatofautianaje, nayo itakujibu mara moja: tazama jicho, tazama sikio, tazama mkia. Mjusi ana kope na hupepesa, nyoka hana. Mjusi ana tundu la sikio kila upande wa kichwa, nyoka hana. Mkia wa mjusi ni mrefu, na ukiushika hukatika ukabaki nao mkononi. Nyoka yeye ni kiwiliwili kitupu, na kijimkia kifupi huko mwishoni. Ni majibu yanayokaririka vizuri, na watoto wa shule huyajibu bila kukosea. Kasoro yake ni kwamba aliyeyatunga hakuwa akiishi Nairobi.

Tuanze na kope. Kama umepanga nyumba Kilimani au Kawangware, inua macho utazame ukuta ulio karibu na taa. Yule mjusi kafiri anayevizia nondo ana miguu minne kamili, ana vidole vinavyoshika hata dari, lakini kope hana. Hajapepesa jicho tangu alipoanguliwa. Vumbi likimwingia, hutoa ulimi akajilamba jicho mwenyewe. Kwa sheria ya kope, huyo umhesabu nyoka.

Sikio je? Nenda kwenye nyua za miti huko Kabete au Lavington, umtafute kinyonga wa pembe tatu. Huyu alipewa jina la kisayansi mwaka 1896, kwa heshima ya Frederick Jackson, Mwingereza mpenda ndege aliyekuja kuwa gavana wa Uganda. Mzunguke kichwa chote, hutaona tundu la sikio. Vinyonga hawana. Tutamwita nyoka naye, na huku anatembea kwa miguu minne akiyumba mbele yako?

Mkia nao uko hivyohivyo. Nairobi, kandokando ya mito na mabwawa, kuna nyoka mwembamba wa kijani aitwaye nyoka wa Battersby. Hana sumu, hula vyura na samaki wadogo, na mkia wake peke yake ni zaidi ya robo ya urefu wake. Anayepima kwa mkia atasema ni mjusi.

Kwa hiyo alama zote tatu zimeanguka, na bado hatujavuka mipaka ya jiji. Alama hizo zilitokana na mijusi wa Ulaya na Marekani, wale wanaoota jua juu ya ardhi mchana kweupe na ambao mikia yao huvunjika vipande hadi wakaitwa mijusi wa kioo. Huko zinafaa kiasi. Mijusi wetu wasio na miguu wengi wao wanaishi ndani ya udongo, na aishiye udongoni hana haja kubwa ya kope, sikio la nje wala mkia mrefu. Kwake hayo ni mizigo ya kukokota tu.

Sasa mtaniuliza: nyoka tumjue kwa nini? Mimi nitawaambia mmtazame mdomo. Taya la chini la nyoka lina pande mbili ambazo hazikuunganishwa mbele kwa mfupa, bali kwa ukano unaonyumbuka. Kila upande hutembea kivyake: wa kulia unavuta, wa kushoto unafuata, na hivyo kichwa kinatambaa juu ya windo hadi windo lote limeingia. Ndiyo maana yule nyoka wa kahawia anayeingia kwenye maghala ya unga humeza panya mnene kuliko kichwa chake mwenyewe. Mjusi hawezi. Taya zake zimefungamana mbele, na lazima alichokamata akitafune au akiponde kabla hakijashuka kooni. Halafu kuna tumbo. Nyoka wa kawaida ana safu moja ya magamba mapana chini ya tumbo, yaliyopangana kama vigae vya paa, na kila gamba linakwenda na mbavu zake. Mijusi wengi wasio na miguu tumboni wana magamba madogo madogo, safu kwa safu, kama yale ya mgongoni.

Hapo tungepumzika, kama si mnyama mmoja wa bustanini.

Mvua za Machi hadi Mei zikishalowesha udongo mwekundu wa Loresho na Lavington, maji huingia kwenye vishimo, na vilivyomo ndani hupanda juu kutafuta hewa. Mtu anaamka asubuhi anakuta barazani kitu chembamba, cheusi au cha hudhurungi, kinang'aa, kichwa na mkia havijulikani. Anadhani ni nyungunyungu. Nyungunyungu lakini ana pingili na ute, na huyu ana magamba makavu. Ukimtazama kwa makini utaona kiulimi kinatoka na kurudi. Huyo ni nyoka kipofu.

Ni nyoka kweli, tena wa ukoo wa kale, lakini amezikataa alama zangu nilizozisifu hivi punde. Magamba yake ni ya ukubwa mmoja mwili mzima, mgongoni na tumboni. Mdomo ni mdogo, umejificha chini ya pua, na hauwezi kumeza hata mtoto wa panya. Chakula chake ni mayai na viluwiluwi vya siafu na mchwa. Macho ni vitone viwili vyeusi vilivyofunikwa na gamba, vinavyotambua mwanga na giza na si zaidi. Mwisho wa mkia ana kimwiba. Ukimshika atakudunga nacho kiganjani, na hapo ndipo watu wanaposema nyoka huyu anauma kwa mkia. Haumi. Hana sumu, hana meno ya kukutoboa, anajitahidi tu kupata pa kukanyagia ili atoroke.

Ndugu yake mmoja ameizunguka dunia ndani ya vyungu vya maua. Asili yake ni upande wa Asia, jina lake la kisayansi Indotyphlops braminus, na leo yupo pwani yetu na katika visiwa na miji mingi ya nchi zenye joto. Wote ni majike. Jike mmoja aliyefichwa kwenye udongo wa mche mmoja hutaga bila kuona dume, na mayai yake yanaangua majike watupu. Ukipita Barabara ya Ngong au Waiyaki Way ukaona miche imepangwa hadi ukingoni mwa lami, utaelewa jinsi safari kama hiyo inavyowezekana.

Basi Nairobi ina nyoka anayefanana na mnyoo. Na mjusi anayefanana na nyoka tutampata wapi? Panda treni asubuhi, ushuke Voi.

Lakini kwanza mjini, kwa sababu kazi ya kuwapa majina wanyama hawa kwa kiasi kikubwa ilipitia hapa. Makumbusho ya Nairobi yalianza mwaka 1910 mahali palipo na Nyayo House siku hizi. Mwaka 1922 yakahamishwa hadi pale ilipo Hoteli ya Serena, kisha mwaka 1930 jengo la Museum Hill likafunguliwa kwa jina la gavana Coryndon. Mwaka 1914, wakati makumbusho yakiwa bado ya chama cha wapenda maumbile, alikuja kijana kutoka Wales, Arthur Loveridge, kuwa mtunzaji wake. Vita Kuu ikaanza mwaka huohuo, akaingia jeshini, na hata vitani hakuacha kukusanya mijusi na nyoka. Baadaye akawa afisa wa wanyamapori Tanganyika, na kuanzia 1924 akahamia makumbusho ya Chuo Kikuu cha Harvard, akakaa huko hadi alipostaafu 1957 akiandika juu ya wanyama watambaao wa Afrika Mashariki.

Mwaka 1935 Loveridge alimwandika mjusi wa Voi, akamwita Acontias percivali, kwa jina la Blayney Percival aliyekuwa mkuu wa wanyamapori Kenya. Huyo ndiye mjusi asiye na miguu hasa. Hana mguu hata wa dalili. Hafiki sentimita 30, magamba yake ni laini yanang'aa, pua imechongoka kwa ajili ya kuchimba, na huzaa watoto hai. Mpime sasa kwa alama za simu. Kope anayo, ile ya chini hufunga jicho. Tundu la sikio hana. Mkia wake ni mfupi kama wa nyoka. Katika mitihani mitatu amefaulu mmoja, na bado ni mjusi kwa asilimia mia, wa jamii moja na wale mijusi wa mistari wanaoota jua kwenye kuta za mawe hapa Nairobi.

Huko huko Voi kuna mwingine, ambaye jina lake la Kiingereza linautaja mji wenyewe. Huyu si nyoka, na si mjusi wa kawaida. Wataalamu wanamweka katika kundi la amfisbena. Mwili una pete kama mnyoo, fuvu limekazana kama kabari, na ngozi imelegea kiasi kwamba anaweza kwenda mbele na kurudi nyuma ndani ya tundu lilelile bila kugeuka. Wazee wetu walimjua mnyama wa namna hii, wakamwita ndumilakuwili na kusema ana vichwa viwili. Sijui kwa nini jina lake wakawapachika wanafiki, maana mwenyewe anakula wadudu na hana neno na mtu. Ndani ya mwili ana siri nyingine inayonifurahisha. Mnyama akirefuka akawa mwembamba, mapafu mawili hayapati nafasi, moja husinyaa. Kwa nyoka na kwa mijusi warefu linalosinyaa ni la kushoto. Kwa amfisbena ni la kulia. Wamefika kwenye umbo lilelile, lakini walipita mlango mwingine.

Kusini mashariki mwa Tanzania yuko amfisbena anayeitwa Loveridgea ionidesii. Nusu ya kwanza ya jina ni yule kijana wa Wales, nusu ya pili ni Ionides wa Liwale, mwindaji aliyeacha tembo akashika nyoka hadi watu wakamwita Bwana Nyoka. Watu wawili waliotumia maisha yao kwa nyoka, wakakumbukwa pamoja katika mnyama ambaye si nyoka!

Na mlima wa Sagalla, unaouona ukiwa Voi, una wa tatu. Huyu hata si mtambaazi, ni jamaa wa chura: ngozi yenye unyevu, pete mwilini, hana miguu. Ndugu yake wa Milima ya Taita ana malezi ya ajabu, yaliyoelezwa na watafiti mwaka 2006. Mama hunenepesha ngozi yake ya juu kwa mafuta, na watoto huichuna kwa meno yao wakala, yeye ametulia. Kwa hiyo katika eneo moja dogo, jembe moja linaweza kufukua nyoka kipofu, mjusi, amfisbena na huyo jamaa wa chura, wote wembamba, wote hawana miguu, na mwenye jembe akawaita wote kwa jina moja.

Msitu wa Kakamega nao una mjusi wake, Feylinia, mweusi, mwenye mkia butu unaofanana na kichwa. Gamba limefunika jicho, sikio halionekani, kwa hiyo kwenye mtihani wa simu anapata karibu sifuri. Na kwenye majani marefu ya nyanda za juu za Kenya, Uganda na Tanzania kuna aliyechukua njia tofauti kabisa, mjusi wa nyasi. Mkia wake ni mara tatu au nne ya mwili, miguu imebaki vimwiba vidogo, naye huteleza juu ya nyasi bila kugusa chini. Huyu peke yake ndiye angewafurahisha waliotunga sheria ya mkia.

Miguu, wasikilizaji, imepotea mara nyingi sana. Kwenye ukoo wa mijusi imepotea zaidi ya mara 25, kila mara kivyake, bila mmoja kuiga kwa mwingine. Wengine waliipoteza kwa sababu udongoni mguu unakwamisha, wengine kwa sababu kwenye nyasi nzito mwili mrefu unapenya upesi kuliko miguu. Nyoka ni mmoja tu wa hao waliopoteza, ila aliwahi mapema, zaidi ya miaka milioni 100 iliyopita, kisha uzao wake ukaenea kila pembe. Mwaka 2006 watafiti walieleza mabaki ya nyoka wa kale kutoka Argentina, Najash, mwenye nyonga na miguu ya nyuma.

Uchunguzi wa vinasaba, hasa tangu 2005, umeupanga ukoo huu kwa namna ambayo macho yasingedhani. Nyoka, kinyonga na kenge wako tawi moja. Mjusi kafiri wa ukutani na mijusi wenye magamba laini, pamoja na yule wa Percival, walikwisha kutengana nao zamani zaidi. Maana yake, kinyonga wa Kabete, na pembe zake tatu na miguu yake minne, ni ndugu wa karibu wa swila kuliko alivyo yule mjusi wa Voi anayefanana na nyoka kama pacha. Ukimtenga nyoka ukasema "mijusi ni hawa waliobaki", umewatoa nyumbani baadhi ya wajukuu na kuwaacha wengine wa babu huyohuyo.

Haya yote yana kazi gani kwa mtu wa Kangemi aliyesimama na panga mkononi? Yana kazi. Husemwa mtoto wa nyoka ni nyoka, na kwa methali hiyo kila kinachotambaa hukatwa vipande kabla ya kuulizwa. Nyoka kipofu anayekula mchwa anakufa kwa kosa la kifutu. Upande wa pili wananitisha zaidi wale waliosoma alama tatu wakapata ujasiri wa kuinama na kushika ili watazame kope. Kenya ina nyoka wachimbaji wa jamii ya Atractaspis, hasa sehemu kavu na za joto. Ni wadogo, weusi, wanang'aa, kichwa chembamba bila shingo. Ukimweka mmoja wao kando ya mjusi asiye na miguu, wengi wetu tutachanganyikiwa. Ana meno marefu yanayotokea pembeni mwa mdomo hata bila kuufumbua, na hakuna namna salama ya kumshika, hata nyuma ya kichwa. Sumu yake huchoma na kuvimbisha, na huweza kuoza kidole.

Kwa hiyo ushauri wangu haufuati alama yoyote. Usishike, na usiue. Simama mbali, piga picha, watoto na mbwa waondoke, kisha wapigie Shirika la Huduma za Wanyamapori au wataalamu wa Makumbusho. Ukikuta ngozi iliyovuliwa tu, hiyo ichunguze kwa raha zako: ya nyoka huwa na vioo viwili vya mviringo mahali pa macho, kwa sababu gamba la jicho nalo hubambuka. Na mtu akiumwa, asifungwe kamba, asichanjwe wembe, asipakwe jiwe jeusi. Alazwe atulie, kiungo kilichoumwa kisichezeshwe, apelekwe hospitali. Shirika la Afya Duniani liliingiza kuumwa na nyoka katika orodha ya magonjwa yaliyosahaulika mwaka 2017, na linakadiria kwamba watu kati ya 81,000 na 138,000 hufa kila mwaka duniani. Hapa kwetu utafiti wa janga hilo unafanywa Karen, pembeni mwa msitu wa Oloolua, katika kituo cha utafiti wa sumu za nyoka kilicho ndani ya Taasisi ya Utafiti wa Nyani, ambako Wakenya wanashirikiana na wenzao wa Liverpool.

Mwenye nafasi mwisho wa juma apande matatu ya Kangemi, ashuke Museum Hill, aingie Bustani ya Nyoka iliyofunguliwa mwaka 1961. Asikimbilie swila. Aende kwa chatu, amwombe mtunzaji amwonyeshe pande mbili za tundu la haja, karibu na mwanzo wa mkia. Ataona vikucha viwili. Hiyo ndiyo miguu ya nyuma, au kilichobaki. Ndani ya yai kijusi cha chatu huanza kuota miguu, kisha kazi inasimama njiani, kwa sababu swichi moja katika vinasaba vyake imeharibika. Mwaka 2016 watafiti wa Marekani waliichukua swichi hiyo kutoka kwa nyoka wakaiweka kwa panya, na panya wakazaliwa na vigutu badala ya miguu.

Vikucha vya chatu lakini havijastaafu. Vya dume ni vikubwa kuliko vya jike, na msimu wa kupandana ukifika, ndivyo anavyompapasia mwenzake.